Duke Ellington: Kamanda wa Bendi Mbele ya Kamera

Marehemu Edward Kennedy Ellington, aliyejulikana duniani kwa jina la Duke, alizaliwa mjini Washington, Marekani, tarehe 29 Aprili 1899. Baba yake alikuwa mtumishi katika nyumba za wakubwa, na kijana huyo alilelewa katika adabu, unadhifu wa mavazi na maneno ya staha. Jina hilo la kimwinyi alipewa na wenzake wa utotoni.

Desemba 1927 bendi yake ilianza kupiga katika Cotton Club, mtaani Harlem, New York. Wapigaji walikuwa weusi. Wateja walikuwa weupe. Ubaguzi huo ulimkabili pia mbele ya kamera.

Wakati ule sinema ilikuwa ndiyo kwanza imepata sauti, na makampuni yalitengeneza filamu fupi za muziki za kutangulia filamu kubwa. Mtu mweusi alipewa kazi ya kuchekesha au kutumikia. Katika filamu ndefu ya mwaka 1930, Check and Double Check, wapigaji wawili wa Ellington wenye ngozi nyeupe kidogo, Juan Tizol na Barney Bigard, walipakwa weusi usoni, ili watazamaji wasidhani kwamba weusi na weupe wameketi katika bendi moja.

Filamu fupi zilimpa nafasi iliyo bora. Katika Black and Tan ya mwaka 1929, Ellington ni mtunzi fukara ambaye watu wawili wamekuja kumnyang'anya piano kwa ajili ya deni. Mcheza dansi, Fredi Washington, ingawa ni mgonjwa wa moyo, anacheza ili bendi ipate riziki. Anaanguka, na bendi inampigia hadi anakata roho. Wale wawili wa piano walifanywa vichekesho kama ilivyokuwa desturi. Ellington hakuchekesha mtu.

Mwaka 1935 ilitoka Symphony in Black, filamu ya dakika kumi hivi. Humo alionekana peke yake akiandika muziki, na kila sehemu ya utunzi ikaleta picha yake: wafanya kazi wa sulubu, mapenzi yenye usaliti, maombolezo, na dansi ya Harlem. Billie Holiday, ambaye sifa zake zilikuwa bado hazijaenea, aliimba ndani yake. Watazamaji walimwona mtu mweusi akiwa mtunzi, mwenye akili na utulivu.

Mwaka 1941 alipiga filamu za dakika tatu tatu, zilizoonyeshwa kwa mashine mabaani kwa senti 10.

Nguvu yake ilikuwa katika kuwajua watu wake. Aliandika muziki kwa kufuata tabia na sauti ya kila mpigaji. Harry Carney alijiunga naye mwaka 1927 na hakumwacha hadi kifo. Walipozuru majimbo ya kusini katika miaka ya 1930, ambako hoteli ziliwafungia milango, aliwakodia mabehewa ya reli wakalala na kula humo kwa heshima.

Mwaka 1973 alizuru Ethiopia na Zambia. Alifariki mjini New York tarehe 24 Mei 1974.

Kila mwenye kuongoza kikosi na ajifunze hapa: heshima ya kamanda hukamilika pale anapolinda heshima ya walio chini yake.