Michael Grzimek: Alipiga filamu ya Serengeti, akafa kabla haijatoka

Alikufa na miaka 24 tu. Lakini picha alizopiga ndizo zilizofanya mamilioni ya watu Ulaya na Marekani walijue jina la Serengeti.

Michael Grzimek alizaliwa Ujerumani mwaka 1934. Baba yake, Bernhard Grzimek, alikuwa mkurugenzi wa bustani ya wanyama ya Frankfurt, kwa hiyo dogo alikua katikati ya wanyama. Ila yeye alivutiwa zaidi na kamera.

Baba na mwana walianzia Kongo, enzi hizo ikiwa chini ya Wabelgiji. Filamu waliyopiga kule ilishinda tuzo ya Dubu wa Dhahabu mjini Berlin mwaka 1956, tena ikaingiza hela.

Hela hiyo walitaka kununulia ardhi ya kupanua hifadhi ya Serengeti. Mkurugenzi wa hifadhi za Tanganyika akawapa wazo lingine: waje wawahesabu wanyama. Serikali ya Waingereza ilikuwa inapanga kuchora upya mipaka ya hifadhi, lakini hakuna aliyejua kwa uhakika wanyama ni wangapi na wanahamia wapi.

Wote wawili wakajifunza urubani. Mwishoni mwa 1957 waliondoka Ujerumani na ndege ndogo iliyopakwa mistari ya pundamilia, wakairusha wenyewe hadi Tanganyika.

Kazi yenyewe haikuwa lelemama. Waliruka chini chini juu ya mbuga, kipande kwa kipande, huku wakihesabu kwa macho. Walipata wanyama wakubwa karibu 367,000, nyumbu wakiwa kama 99,000. Baadhi ya wanyama waliwavisha mikanda ya rangi shingoni ili kufuatilia wanakokwenda.

Majibu yakaleta ishu: makundi yalikuwa yanatoka nje kabisa ya mipaka mipya iliyopangwa. Muda wote huo kamera ilikuwa inazunguka.

Januari 10, 1959, Michael alikuwa angani peke yake. Ndege ikagongana na tumbusi, bawa likaharibika, akaanguka na kufa. Alizikwa ukingoni mwa kreta ya Ngorongoro. Nyumbani aliacha mke na mtoto mdogo.

Filamu ilikuwa haijakamilika. Baba alirudi Ujerumani na mikanda ya picha zilizopigwa na mwanawe, akasimamia kazi hadi ikaisha. Ilitoka mwaka huohuo kwa jina la Serengeti darf nicht sterben, yaani Serengeti haipaswi kufa. Mwaka 1960 ikachukua Oscar ya filamu bora ya makala ndefu. Hakuna filamu ya Ujerumani iliyokuwa imeshinda Oscar tangu Vita Kuu ya Pili iishe.

Lakini mipaka haikwenda walivyotaka. Mwaka 1959 Ngorongoro ilitenganishwa na hifadhi, ingawa Serengeti iliongezewa eneo la kaskazini ambako nyumbu hupita.

Kuna upande mwingine ambao watazamaji wengi wa Ulaya hawakuufikiria. Wamasai waliokuwa wakichungia Serengeti walihamishwa, wakaahidiwa kuishi Ngorongoro. Akina Grzimek waliamini hifadhi haiwezi kubeba mifugo na wanyamapori kwa pamoja. Kwa Wamasai wengi, hiyo ilikuwa nyumbani kwao, na mvutano juu ya ardhi ya Ngorongoro haujaisha hadi leo.

Nyumbu sasa wanazidi milioni moja. Sifa si za filamu peke yake: kutokomea kwa sotoka, ugonjwa uliokuwa ukiwamaliza, kulichangia sana.

Bernhard aliendelea kuichangishia Serengeti fedha kupitia kipindi chake cha televisheni, hadi alipofariki mwaka 1987. Majivu yake yaliletwa Ngorongoro, akazikwa kando ya mwanawe.