Siti binti Saad: Muuza vyungu aliyeimba hadi Bombay

Kijana wa Kisii au Nyamira aliyejaliwa sauti nzuri, au mkono wa kupiga obokano, huulizwa mapema ni lini atatafuta kazi ya kuwafaa wazazi na wadogo zake. Swali hilo si geni Afrika Mashariki. Zaidi ya karne moja iliyopita lilimkabili binti mmoja wa kisiwa cha Unguja, ambaye baadaye alivuma kwa jina la Siti binti Saad.

Alizaliwa kijijini Fumba yapata 1880, enzi za utumwa, akaitwa Mtumwa. Babake alikuwa Mnyamwezi na mamake Mzigua. Kusoma na kuandika hakujaliwa. Mamake alifinyanga vyungu, naye binti akavibeba kichwani hadi mjini kuvinadi, kwani riziki ya nyumba ilitoka humo.

Wajibu huo haukukiua kipaji chake, bali ulikilea. Alivinadi vyungu kwa kuimba, na wateja wakaitambua sauti yake kabla hajatokeza.

Mwaka 1911 alihamia mjini Zanzibar. Haikuwa hatua nyepesi: aliacha biashara iliyolisha nyumba yao, akashika kazi ambayo mwanamke aliyeifanya hadharani alitazamwa kwa jicho la dharau. Mwanamuziki mmoja wa kundi la Ikhwani Safaa, lililoasisiwa 1905, alimfunza muziki. Taarab ya Kiarabu, iliyokuwa burudani ya kasri, Siti akaiimba kwa Kiswahili, nayo ikawafikia wakazi wa Ng'ambo, mtaa wa wanyonge.

Mnamo 1928 yeye na wenzake walivuka bahari hadi Bombay, India, kurekodi santuri. Kufikia 1931, santuri zipatazo 72,000 zilikuwa zimeuzwa. Katika wimbo wa Kijiti alisimulia mauaji ya mwanamke na jinsi mahakama ilivyowaadhibu mashahidi huku mshukiwa akitorokea bara.

Siti alifariki Julai 1950. Shaaban Robert aliandika wasifu wake, heshima ambayo wanawake wachache wa zama hizo waliipata.

Maisha yake hayamfundishi kijana kuwapa wazazi kisogo, wala hayawaruhusu wazazi kukizima kipaji. Sauti iliyosikika Bombay ilinolewa kwanza njiani, chini ya mzigo wa vyungu vya mama.