Wangari Maathai: Kutoka Darubini ya Chiromo

Jina la marehemu Profesa Wangari Maathai linapotajwa, wengi hukumbuka miti. Ni wachache wanaokumbuka kwamba usomi wake ulijengwa kwenye darubini, katika uchunguzi wa viungo ambamo urithi wa viumbe hupangwa upya.

Alizaliwa tarehe 1 Aprili 1940 kijijini Ihithe, Nyeri. Alisoma Loreto, Limuru, kisha akasomea biolojia nchini Marekani hadi shahada ya uzamili. Mwaka 1966 alirejea Nairobi kuchukua kazi aliyoahidiwa chuoni, akakuta amepewa mtu mwingine. Aliamini kuwa alinyimwa kwa sababu ya jinsia na kabila lake. Profesa Reinhold Hofmann, Mjerumani, ndiye aliyempa kazi katika anatomia ya mifugo.

Tasnifu yake ya uzamifu ya mwaka 1971 ilihusu ukuaji wa tezi za uzazi za ng'ombe. Katika tezi hizo ndimo meiosisi hufanyika: kromosomu iliyotoka kwa baba hulala sambamba na ya mama, zikabadilishana vipande. Jeni zilizokaribiana kwenye kromosomu moja aghalabu hurithiwa pamoja, kwa kuwa ni nadra mkato kuangukia kati yake. Zilizo mbali hutenganishwa mara nyingi zaidi, ingawa kiwango hicho hakizidi asilimia 50. Kwa ndama jike, shughuli hii huanza angali tumboni mwa mamaye.

Wangari alikuwa mwanamke wa kwanza wa Afrika Mashariki na ya Kati kupata shahada hiyo. Alipokuwa akikusanya kupe waenezao ndigana, aliona ng'ombe waliokonda na mito iliyojaa udongo. Urithi bora hauwezi kumnenepesha ng'ombe asiye na malisho. Mwaka 1977 alifanywa profesa mshiriki, na mwaka huo huo akaanzisha vuguvugu la Green Belt.

Mwaka 1982 alijiuzulu ili agombee ubunge. Alizuiwa kugombea, na chuo hakikumrudishia kazi yake. Hakunyamaza. Mwaka 1989 alipinga ujenzi wa jumba la ghorofa 60 katika bustani ya Uhuru, katikati ya jiji, na hatimaye mpango huo ukaachwa. Mwaka 2004 alitunukiwa Tuzo ya Nobel ya Amani.

Alifariki jijini Nairobi tarehe 25 Septemba 2011. Chuo kilichokataa kumrudishia kazi kina taasisi yenye jina lake huko Kabete.