Naser al-Din Shah na Jukwaa la Taazia

Naser al-Din Shah (1831–1896), aliyetawala Uajemi tangu 1848, alikuwa mlezi mkubwa wa taazia, yaani maigizo ya mauaji ya Imamu Husein huko Karbala mwaka 680. Neno hilo, ambalo katika Kiswahili limebaki na maana ya rambirambi, kwa Waajemi ni jina la sanaa kamili. Jijini Tehran alijenga Tekiyeh Dowlat, ukumbi wa mviringo wenye jukwaa katikati. Hapo, upande wa Imamu uliimba, umevaa kijani. Maadui, wenye mavazi mekundu, walighani kwa ukali bila kuimba. Ajabu ni kwamba mfalme huyu, asiyevumilia upinzani, aligharimia igizo linalomlaani Yazid, mtawala dhalimu. Alipouawa kwa risasi mwaka 1896, jeneza lake liliwekwa katika ukumbi huohuo kabla ya maziko.