Munyigumba aliunganisha nchi, nyumba yake je?

Kama umewahi kupita Chimala kwa basi la Mbeya, umeiona tambarare ya Usangu upande wa kulia, mpunga hadi macho yachoke. Leo tumtazame mtu aliyewatoa jasho wazee wa tambarare hiyo: Munyigumba, baba yake Mtwa Mkwawa.

Alizaliwa katika ukoo wa Muyinga. Siku hizo hapakuwa na nchi moja ya Wahehe. Walikuwapo watwa wengi wadogo, kila mmoja na vilima vyake na ng'ombe wake, akimvizia jirani. Munyigumba akawapiga mmoja baada ya mwingine. Lakini hakuishia kupiga: alioa mabinti wa aliowashinda, na kwingine akaweka wazagila wamtawalie kwa niaba yake. Mbinu za vita Wahehe walijifunza kwa Wasangu, ambao nao walizipata kwa Wangoni. Kisha mikuki ikageuzwa kwa mwalimu. Vita hivyo hatimaye vikamfanya Merere wa Wasangu auhame mji wake wa Utengule, akajenga Utengule nyingine Usafwa, karibu na Mbeya ya leo. Ndiyo maana hadi leo tuna Utengule mbili.

Munyigumba akafa mwishoni mwa miaka ya 1870. Hapo ndipo moyo unauma. Mkwewe, Mwambambe, akanyakua madaraka, na kijana Mkwawa akakimbilia Ugogo. Aliporudi, wakapigana Ilundamatwe. Jina lenyewe linasema: palipolundikana vichwa. Walikuwa watu wa nyumba moja.

Daudi naye aliyakusanya makabila ya Israeli chini ya kiti kimoja, akashindwa kuzungumza na wanawe. Amnoni alipomtenda dada yake uovu, mfalme alikasirika, basi. Miaka miwili Absalomu akaificha chuki yake, baba yupo. Mimi simlaumu Munyigumba kuliko Daudi. Angalau Daudi alikuwa na nabii nyumbani.

Na wewe? Umejenga, una shamba, ni mzee wa kanisa, ukisimama kikao kinatulia. Hapa Chimala nimekaa kwenye matanga ambako watoto walianza kugombania majaruba kabla wageni hawajaondoka. Marehemu alisuluhisha ndoa za watu wengi.

Mchana huu, mkishakula, kabla watoto hawajatawanyika, waulize: wanajua jaruba lipi ni la nani?