Niels Finsen, Tabibu Aliyetumia Nuru

Ukisafiri asubuhi na mapema kutoka Morogoro kwenda Iringa, barabara hupita katikati ya Hifadhi ya Taifa ya Mikumi. Saa hizo baridi ya usiku huwa bado haijaondoka nyasini. Ukiwa na bahati utawaona nyani wameketi kando ya njia wakiota jua, vifua vyao vimeelekea mashariki. Kwenye bwawa la viboko, mamba naye huwa amejilaza ukingoni bila kutikisika. Jua likipanda na kuwa kali, nyani huhamia kivulini na mamba hurudi majini. Hata wewe, mwanafunzi wa Kilosa, mwezi wa Julai husimama kwenye ukuta wa darasa upande unaopigwa na jua mpaka kengele ilie.

Zaidi ya miaka mia moja na thelathini iliyopita, kijana mmoja mgonjwa aliona jambo kama hilo mjini Copenhagen, katika nchi ya Denmaki. Chini ya dirisha lake palikuwa na paa la nyumba, na juu ya paa hilo alilala paka. Kivuli kilipomfikia, paka aliinuka, akasogea kwenye jua, akalala tena. Kivuli kikamfuata, naye akasogea tena. Watu wengi wamemwona paka akiota jua wakapita zao. Kijana huyu alijiuliza paka anapata nini juani asichokipata kivulini. Aliitwa Niels Ryberg Finsen.

Finsen alizaliwa tarehe 15 Desemba 1860 katika visiwa vya Faroe, visiwa vya mvua na ukungu vilivyo kaskazini ya bahari ya Atlantiki. Huko, majira ya baridi yakifika, jua huonekana kwa saa chache tu kwa siku. Baba yake alikuwa mtawala wa visiwa hivyo. Mama yake alifariki Niels akiwa na umri wa miaka minne. Alipopelekwa shule huko Denmaki, walimu wake hawakuona dalili yoyote ya akili kubwa. Akahamishiwa Aislandi, nchi ya mababu zake, akamaliza masomo akiwa wa kumi na moja katika darasa la wanafunzi kumi na watano. Mwaka 1882 alikwenda Copenhagen kusomea udaktari, akahitimu mwaka 1890.

Katika miaka hiyo ugonjwa ulimwingia, nao haukumwacha tena. Ini na moyo wake viliharibika polepole, na maji yakajaa tumboni hata ikalazimu kuyatoa kwa kumtoboa, mara baada ya mara. Chumba alichoishi kilielekea kaskazini. Katika nchi za mbali kaskazini jua hupita upande wa kusini, hivyo chumba kama hicho hupata jua kidogo sana. Finsen alihisi kwamba mwili wake unalihitaji jua, lakini kuhisi si kujua. Aliamua kuchunguza.

Jaribio lake moja linafaa ulielewe vizuri. Alijipaka wino mweusi mkononi, ukawa kama mkanda, kisha akauweka mkono juani kwa muda mrefu. Alipofuta wino, ngozi iliyokuwa wazi ilikuwa nyekundu na imevimba. Ngozi iliyokuwa chini ya wino ilikuwa salama. Sasa fikiri. Kitu cheusi hupata joto upesi kuliko cheupe. Umeliona hilo kwa bati lililopakwa lami. Kama joto ndilo lililomchoma Finsen, mahali penye wino ndipo pangeungua zaidi. Hapakuungua. Basi kilichochoma si joto, bali ni miali fulani iliyomo ndani ya nuru. Siku chache baadaye ngozi iliyoungua ikageuka kuwa ya kahawia. Aliurudisha mkono juani, safari hii bila wino, na ule mkanda uliobaki mweupe ndio ulioungua. Rangi ya ngozi, kwa hiyo, ni kinga. Ndiyo maana wenzetu wenye ualbino, ambao ngozi yao haina rangi hiyo au ina kidogo sana, hawana budi kuvaa kofia pana na nguo za mikono mirefu, na kujipaka mafuta ya kuzuia miali ya jua. Kwao jua la Kilosa si jambo la mzaha, kwani huweza kuleta saratani ya ngozi.

Nuru ya jua, kama ulivyojifunza, ni mchanganyiko wa rangi za upinde wa mvua, kutoka nyekundu hadi urujuani. Ng'ambo ya urujuani kuna miali ambayo jicho haliioni kabisa. Finsen aliamini kwamba nguvu anayoitafuta imo upande huo wa buluu na urujuani. Mwaka 1893 alishauri wagonjwa wa ndui wakae katika vyumba vyenye mapazia mekundu ili miali hiyo isiwafikie na makovu yapungue. Wazo hilo halikudumu. Ndui haikukomeshwa kwa mapazia. Ilikomeshwa kwa chanjo, na mwaka 1980 dunia ikatangaziwa kwamba imekwisha.

Wazo lake la pili lilikuwa na uzito zaidi. Wakati huo Ulaya ilikuwa na watu wengi wenye kifua kikuu cha ngozi. Vijidudu vyake ni vilevile vya kifua kikuu cha mapafu, ila huishi katika ngozi, hasa usoni, vikila pua, midomo na mashavu kwa miaka mingi. Mgonjwa hakufa upesi. Alibaki hai na uso ulioharibika, akafichwa nyumbani au akajificha mwenyewe, na watu wakaogopa kumwajiri na kula naye. Madaktari walijaribu kukata na kuchoma kwa moto, na ugonjwa ukarudi.

Finsen alijua kwamba nuru huua vijidudu vilivyo wazi, lakini hivi vilikuwa ndani ya ngozi. Je, nuru inaweza kupenya? Aliweka karatasi ya kupigia picha nyuma ya sikio la mtu, akaelekeza nuru mbele ya sikio. Karatasi haikubadilika. Kisha akalibana sikio kati ya vipande viwili vya kioo mpaka damu ikaondoka, akarudia. Karatasi ikawa nyeusi kwa muda mfupi. Kumbe damu ndiyo iliyokuwa ikiizuia nuru! Hapo akapata njia: mgonjwa abanwe ngozi kwa lenzi, damu isogee, nuru iingie.

Mwaka 1895 alianza kumtibu mgonjwa wa kwanza, injinia aliyekuwa ameugua kwa miaka kadhaa. Kwa kuwa jua la Denmaki ni haba, alitumia taa kali ya umeme yenye vijiti vya kaboni, katika kituo cha umeme cha mjini. Ili joto lisimchome mgonjwa, nuru ilipitishwa kwanza katika maji. Siku baada ya siku sehemu ndogo ya uso ilimulikwa, na baada ya miezi michache ngozi ikapona. Mwaka 1896 taasisi ya tiba ya nuru ikafunguliwa. Taa moja kubwa iliwahudumia wagonjwa wanne pamoja, na kila mmoja alikuwa na muuguzi aliyebana lenzi ngozini kwa saa nzima. Wauguzi walivaa miwani ya giza kulinda macho. Zingatia hilo: hata katika nyumba ya kuponyea kwa nuru, jicho lilikingwa. Wewe pia usilitazame jua kamwe, hata wakati wa kupatwa kwake, kwani lenzi ya jicho hukusanya miali yake na kuchoma utando wa nyuma.

Mwaka 1903 Finsen alipewa Tuzo ya Nobel ya utabibu, mwaka mmoja baada ya Ronald Ross kupewa tuzo hiyo kwa kazi yake kuhusu mbu na malaria. Hakuweza kusafiri kuipokea, kwa kuwa alikuwa mgonjwa wa kuketi katika kiti cha magurudumu. Sehemu ya fedha za tuzo aliipa taasisi yake. Mwili wake mwenyewe aliuchunguza hadi mwisho, akipima chakula na kinywaji chake na kuandika. Nuru haikumponya. Alifariki tarehe 24 Septemba 1904 akiwa na umri wa miaka 43.

Wakati Finsen alipokuwa akimulika wagonjwa, jambo jingine lilitokea mjini Munich, Ujerumani. Katika majira ya baridi ya mwaka 1897 na 1898, mwanafunzi wa udaktari aitwaye Oscar Raab alikuwa akijaribu rangi iitwayo akridini kwa paramesia, vijidudu vya seli moja ambavyo unaweza kuvipata katika maji ya dimbwi. Siku moja vilikufa upesi. Siku nyingine, kwa rangi ileile na kipimo kilekile, viliishi muda mrefu. Angeweza kusema tu kwamba jaribio limeharibika. Badala yake alitafuta tofauti, akaona kwamba siku ile vilipoishi mbingu ilikuwa imefunga kwa mawingu ya radi. Rangi peke yake haikuviua upesi, wala nuru peke yake. Zilipokutana, ndipo vilipokufa. Mwalimu wake, Hermann von Tappeiner, alionyesha baadaye kwamba oksijeni nayo ni lazima iwepo. Basi dawa, nuru na oksijeni ni mafiga matatu; ukiondoa moja, chungu hakikai. Dawa za namna hii tutaziita dawa zinazoamshwa na nuru. Hata katika taasisi ya Finsen, mwaka 1903, daktari Georges Dreyer alijaribu rangi nyekundu ya erithrosini ili nuru ifanye kazi ndani zaidi ya ngozi.

Wafugaji huweza kuona kazi ya nuru hiyo pasipo maabara. Kichaka cha lantana, chenye maua madogo ya rangi mchanganyiko, kimeenea sehemu nyingi za nchi yetu. Ng'ombe akila majani yake kwa wingi, ini lake huharibika. Ini likiharibika hushindwa kuondoa kitu fulani kinachotokana na rangi ya kijani ya majani. Kitu hicho hubaki katika damu, hufika ngozini, na huko nuru ya jua hukiamsha. Mtazame ng'ombe wa mabaka aliyepatwa na hali hiyo: sehemu nyeupe huchubuka na kutoa vidonda, sehemu nyeusi hubaki nzima. Ni kama ule mkanda wa wino mkononi mwa Finsen. Tiba ya kwanza ni kumweka kivulini. Maji ya ndimu nayo, yakikaukia mkononi nawe ukakaa juani, huweza kutoa malengelenge. Huko Misri, kando ya mto Nile, tangu zamani watu wenye mbalanga walitumia mmea fulani kisha wakakaa juani ili rangi ya ngozi irudi.

Je, dawa hizi zina faida gani kwa jicho? Kubwa. Jicho ni kiungo ambacho nuru huingia bila kupasua chochote. Wazee wengine huota vimishipa vibovu nyuma ya jicho, vinavyovuja na kuharibu kuona. Tangu mwaka 2000 imekuwapo dawa iitwayo veteporfini. Huingizwa katika mshipa wa mkono, ikasafiri na damu mpaka jichoni. Kisha daktari humulika mahali pale tu, kwa nuru nyekundu isiyochoma, kwa muda upatao dakika moja na nusu. Vimishipa huziba. Dawa iliyobaki mwilini hulala kwa kuwa haikumulikwa, na kwa sababu hiyo mgonjwa huagizwa akae mbali na jua kwa siku kadhaa. Siku hizi kuna sindano nyingine ambazo zimechukua sehemu kubwa ya kazi yake, lakini bado ina mahali pake.

Tiba nyingine inawahusu vijana. Konea, yaani sehemu angavu ya mbele ya jicho, huweza kuwa nyembamba na kuchongoka, na mtu akaona vitu vimepinda. Kufikicha macho kila mara, kama wafanyavyo watoto wenye macho ya kuwasha, huzidisha hatari. Katika miaka ya 1990 watafiti wa Dresden, Ujerumani, walitumia matone ya vitamini B2, ileile iliyomo katika maziwa, mayai na maini, kisha wakamulika konea kwa miali iliyo karibu na urujuani. Nyuzi za konea hushikana, kama ukili unavyoshonwa kuwa mkeka, na mara nyingi ubaya hukoma hapo ulipofika. Kazi hii ni ya daktari na mashine yake. Usitie maziwa wala majani jichoni, kwani wengi wamepofuka kwa dawa za kubahatisha.

Katika maabara utafiti umekwenda mbele zaidi. Zimetengenezwa dawa ambazo molekuli zake hujikunja na kujikunjua zinapopigwa na nuru ya rangi tofauti. Mwaka 2012 dawa moja ya namna hiyo ilitiwa katika macho ya panya vipofu, na macho yao yakaanza tena kuitikia nuru, ingawa kwa muda mfupi.

Sasa turudi Copenhagen. Mwaka 2005 wanasayansi wa mji huo walizipima upya lenzi na vichujio vya Finsen. Waligundua kwamba ile miali isiyoonekana iliyo mbali sana na urujuani, ambayo wengi walidhani ndiyo iliyoua vijidudu, ilikuwa imezuiwa njiani na haikumfikia mgonjwa. Ni kitu gani basi kilichoponya? Vijidudu vya kifua kikuu hutengeneza ndani yao vitu viitwavyo pofirini, na pofirini huamshwa na nuru ya buluu na urujuani, zikageuza oksijeni kuwa sumu. Inaelekea vijidudu hivyo vilikuwa vimebeba wenyewe dawa ya kuviua, nayo ilikuwa ikingoja taa ya Finsen.