Alexis Kagame, padri aliyeandika mashairi yaliyoishi vinywani

Tarehe 2 Desemba 1981 alifariki dunia mjini Nairobi padri mmoja wa Kanisa Katoliki kutoka Rwanda, akiwa na umri wa miaka 69. Jina lake lilikuwa Alexis Kagame. Wanafalsafa humtaja miongoni mwa Waafrika wa kwanza kuiandika falsafa ya watu wao kwa kuchambua lugha yao. Wanahistoria humtaja kwa heshima, na pia kwa tahadhari. Lakini kazi yake ya kwanza, ambayo pengine ndiyo itakayodumu kuliko zote, ilikuwa kuandika mashairi ya baraza la kifalme ambayo kwa vizazi vingi yalihifadhiwa vichwani mwa watu wachache.

Kwa msikilizaji aliyeko Nakivale au Mbarara, habari hii si ya ugenini. Wanyankole wanayo ebyevugo, majigambo ya mashujaa ambayo H. F. Morris aliyachapisha kitabuni mwaka 1964. Wanyarwanda wanayo ibyivugo. Majina hayo mawili ni ndugu, na desturi ni moja: mtu husimama mbele ya watu, akajitaja, akataja na matendo yake bila kusita. Pande zote mbili pia ng'ombe husifiwa kwa tungo ndefu, kila mmoja kwa jina lake. Na makazi yenyewe ya Nakivale yalianza kupokea wakimbizi wa Rwanda katika miaka ileile ambayo ufalme uliotungiwa mashairi hayo ulikuwa ukianguka.

Mtoto wa watunza siri

Kagame alizaliwa tarehe 15 Mei 1912 huko Kiyanza, kaskazini mwa Kigali. Rwanda wakati huo ilikuwa chini ya Wajerumani, ingawa mfalme Yuhi Musinga bado alikuwa na nguvu. Ukoo wake ulihusiana na abiru, yaani watunza siri wa ufalme. Hao ndio waliojua taratibu za kumtawaza mfalme na kumzika, na mfuatano wa majina ya kifalme, mambo ambayo mtu wa kawaida hakuruhusiwa kuyasikia. Kijana aliyekulia karibu na watu wa namna hiyo alijua mapema kwamba neno linaweza kuwa amana.

Wabelgiji walipoichukua nchi, mambo yaligeuka upesi. Mwaka 1931 walimwondoa Musinga madarakani, na baadaye akafia uhamishoni Kongo mwaka 1944. Mahali pake walimweka mwanawe, Mutara III Rudahigwa, ambaye alibatizwa mwaka 1943. Kagame naye alikuwa ameshaingia seminari ya Kabgayi, kisha Nyakibanda, na mwaka 1941 akapewa upadri. Kwa hiyo mtu yuleyule alikuwa mtoto wa abiru, kasisi wa Kirumi na rafiki wa mfalme. Ni vigumu kufikiria mtu mwingine katika Rwanda ya wakati ule ambaye milango yote mitatu ilikuwa wazi kwake.

Mashairi yenye mafumbo

Mashairi aliyoyakusanya huitwa ibisigo, na watunzi wake abasizi. Mapokeo ya Rwanda yanamtaja mwanamke kuwa mwasisi wa utanzu huo: Nyirarumaga, mama malkia wa zama za mfalme Ruganzu Ndori. Baadhi ya koo zilikuwa na wajibu wa kudumu wa kuwa na mtu barazani aliyekariri tungo za wazee wake, ili mfalme atakapozihitaji zisikosekane. Shairi halikuwa burudani tu. Lilikuwa kumbukumbu ya nasaba, ya vita, ya ushindi, na mara nyingine ombi la mtunzi aliyekosana na mkubwa wake.

Lugha yake ni ngumu kwa makusudi. Mtunzi hakumtaja mfalme kwa jina lake waziwazi. Alichukua jina, akatazama linafanana na neno gani la kawaida, kisha akaliacha hata neno hilo na kuweka lingine lenye maana ya karibu. Ni kama mtu anayetaka kumtaja jirani aitwaye Simba, akakataa kusema Simba, akasema mwenye manyoya shingoni, na mwishowe akamtaja kwa pundamilia anayemkimbia. Msikilizaji lazima arudi nyuma hatua mbili au tatu ndipo amjue anayesifiwa. Ndiyo sababu Kagame alilazimika kuandika maelezo pamoja na mashairi. Bila maelezo hayo, Mnyarwanda wa leo anasikia muziki na kukosa habari.

Baraza za wafalme wa mbali nazo zilijua mchezo huo. Nchini Japani, mwaka 905, mfalme mkuu aliamuru washairi wake, Ki no Tsurayuki akiwa mmojawao, wakusanye tungo bora katika diwani iitwayo Kokinshu. Kufikia mwaka 1439, diwani zilizoamriwa na wafalme zilikuwa 21. Shairi la Kijapani la aina hiyo lina mizani 31 tu, ilhali igisigo cha Rwanda kinaweza kwenda mistari mingi sana. Hata hivyo washairi wa pande zote mbili walipenda neno lenye nyuso mbili. Kwa Kijapani, matsu ni mti wa msonobari na pia ni kungoja, na mshairi aliyeachwa na mpenzi huutumia mti huo kusema anachongoja. Mswahili hashangazwi na hilo, kwa kuwa anajua kaa la moto, kaa wa pwani na kaa chini. Tofauti kubwa ni kwamba Wajapani waliandika. Rwanda walikariri, na mtu anayekariri akifa kabla ya kurithisha, hakuna nakala nyingine.

Hilo ndilo lililomsukuma Kagame. Alianza kukusanya katika miaka ya 1930, akiwa bado mwanafunzi wa seminari. Waghani wengi walikuwa wazee, na vijana wa koo zao walikuwa shuleni wakijifunza Kifaransa. Mfalme Mutara alimsaidia, na katika miaka ya 1940 alimruhusu hata kuandika taratibu za siri za abiru, jambo ambalo zamani lingeonekana kuwa usaliti. Mwaka 1951 kilichapishwa Brussels kitabu chake juu ya ushairi wa nasaba ya kifalme, chenye orodha ya zaidi ya mashairi 100.

Asidhaniwe kuwa alikuwa mtu wa kununa. Mwaka 1949 alichapisha Indyohesha-birayi, utungo wa kuchekesha ambamo nguruwe anasifiwa kwa mtindo uleule wa heshima waliotungiwa ng'ombe wa kifalme. Katika nchi ambayo ng'ombe alikuwa kipimo cha utu wa mtu, hilo lilikuwa tendo la ujasiri kuliko linavyoonekana leo. Aliutumia mtindo wa baraza pia katika utenzi mrefu wa Kikristo kuhusu uumbaji, ambao aliutafsiri mwenyewe kwa Kifaransa.

Roma, na swali la mtu na kitu

Mwaka 1952 alitoa kitabu kuhusu taasisi za kisiasa za Rwanda ya kale. Watawala wa Kibelgiji waliona ndani yake utetezi wa mfalme dhidi yao. Haukupita muda akapelekwa Roma kusoma. Kama nia ilikuwa kumnyamazisha, hesabu haikwenda sawa: mwaka 1955 alipata shahada ya udaktari wa falsafa katika Chuo Kikuu cha Gregoriana, na mwaka 1956 kikachapishwa kitabu chake maarufu juu ya falsafa ya Kibantu ya Rwanda.

Mmisionari Placide Tempels, aliyefanya kazi Kongo, alikuwa ametangulia kuandika juu ya falsafa ya Wabantu mwaka 1945. Kagame aliona kwamba madai makubwa namna hiyo yahitaji ushahidi wa lugha. Akaitazama sarufi ya Kinyarwanda na kupata makundi manne ya vilivyopo: umuntu, kilicho na akili, ikintu, kisicho na akili, ahantu, mahali na wakati, na ukuntu, namna ya kuwa. Msemaji wa Kiswahili hahitaji mkalimani hapo, maana mtu na kitu tunazo. Wapo waliompinga, wakisema kwamba kila lugha ina ngeli zake na ngeli si falsafa. Pingamizi hilo lina uzito. Lakini aliwalazimu wasomi wa Ulaya kujibu hoja iliyoanzia katika Kinyarwanda, na hilo halikuwa limezoeleka.

Alirejea nyumbani mwaka 1958. Julai 1959 Mutara alifariki ghafla Bujumbura, na Novemba mwaka huohuo machafuko yakaanza. Maelfu walivuka mipaka kuingia Uganda, Tanganyika, Burundi na Kongo. Mwaka 1961 ufalme ulifutwa. Kagame hakuondoka. Alibaki akifundisha, na baada ya Chuo Kikuu cha Rwanda kufunguliwa mwaka 1963 alikuwa miongoni mwa wahadhiri wake.

Yaliyobaki nje ya daftari

Kuna jambo ambalo mwandishi wa wasifu wa Kagame hawezi kulikwepa. Aliandika kumbukumbu za baraza, na baraza husimulia habari za washindi. Alianza nasaba ya wafalme katika karne ya 11. Mwanahistoria Jan Vansina, aliyefanya kazi Rwanda kwa miaka, baadaye aliona kwamba ufalme wa Wanyiginya ulianzishwa katika karne ya 17. Falme ndogo za kaskazini na magharibi, zilizokuwa na wakuu wake na mapokeo yake, zinaonekana kwake kama maeneo yaliyongoja kutekwa. Nyimbo za wakulima na za wanawake nyumbani hazina nafasi kubwa. Katika nchi ambayo swali la nani alitangulia na nani alitawala lilikuja kumwaga damu, kuiamini simulizi ya upande mmoja ni hatari, na Kagame mwenyewe hakuwa mbali vya kutosha na baraza hilo ili kulipima.

Hata hivyo, kumlaumu kwa kuandika alichosikia ni rahisi mno. Wale waliokuja baadaye na kumkosoa, pamoja na wataalamu wa lugha André Coupez na Thomas Kamanzi waliochapisha fasihi ya baraza la Rwanda mwaka 1970, walikuwa na cha kulinganisha kwa sababu yeye alishika kalamu mapema. Mapokeo ya upande mwingine hayakupata mtu kama huyo kwa wakati wake. Huko Nakivale, ambako Wakongo, Warundi, Wanyarwanda na Wasomali wanaishi karibu karibu, tungo nyingi za wazee bado zimo vinywani tu, kama zilivyokuwa ibisigo mwaka 1930.

Katika orodha ya Kagame, shairi huambatana na jina la mfalme aliyetungiwa na, pale lilipojulikana, jina la mtunzi. Wengi wa watunzi hao hawana kaburi linalojulikana wala picha. Wanajulikana kwa sababu mjukuu au kilembwe alikaa mbele ya padri kijana, akalighani shairi tangu mstari wa kwanza hadi wa mwisho, na padri akaandika.